Swali la Rumanyika

Tarehe 25 Novemba 1861, msafara uliokuwa njiani kwa zaidi ya mwaka mmoja tangu kutoka pwani ulipanda mlima wa Bweranyange, makao ya Mukama, mfalme wa Karagwe. Waliouongoza ni John Hanning Speke na James Augustus Grant, maofisa wa jeshi la Uingereza la India. Pamoja nao walikuwa wapagazi na askari kutoka Unguja, na Sidi Mubarak Bombay, Myao aliyekuwa ameuzwa utumwani akiwa mtoto na kufikishwa India, ambaye sasa alikuwa ndiye mdomo na sikio la safari nzima. Chini ya mlima lilitulia ziwa dogo. Wageni walilipachika jina la ziwa la kwao, Windermere, jina ambalo leo halitumiki.

Rumanyika, mwana wa Ndagara, aliwapokea akiwa ameketi na kukunja miguu, ndugu yake Nnanaji yuko kando. Salamu zake za kwanza zilitoka kwa Kiswahili safi. Speke mwenyewe aliliandika jambo hilo katika kitabu chake cha mwaka 1863, na mimi kila ninaposoma habari za Bweranyange husimama hapo kwanza. Lugha ya pwani ilikuwa imekwisha kupanda milima ya Wanyambo pamoja na shanga, vitambaa na waya wa shaba. Wafanyabiashara Waarabu na Waswahili walikuwa na kituo chao Kafuro, si mbali na ikulu, wakinunua pembe za ndovu. Hata kiti cha Rumanyika kilikuwa na deni kwa biashara hiyo: ndugu yake mwingine, Rogero, alipougombea ufalme, Musa Mzuri, tajiri Mhindi wa Kaze, ndiye aliyeingilia kwa bunduki na mali, na Rogero akashindwa.

Basi mazungumzo yalianza. Mukama alitaka kujua wageni wanaionaje Karagwe. Kwake yeye milima ile haikuwa na mfano duniani. Na ziwa je, halikuwapendeza? Katika siku zilizofuata maswali yake yaliupanda mlima na kuuacha. Aliuliza juu ya jua: hili linalochomoza leo ndilo lile la jana limerudi, au kila siku huja jua jipya? Na mwezi, mbona hubadili uso, au unatucheka sisi tulio chini?

Nimeona watu wakilisoma swali hilo upesi na kulipita, kana kwamba ni la mtu aliyekosa shule. Mimi nadhani ni miongoni mwa maswali makubwa yaliyopata kuulizwa na mtu wa upande huu kuhusu mbingu, yakaandikwa. Kitu kikitoweka machoni na baadaye kikaonekana kingine kinachofanana nacho, utajuaje kama ni kilekile? Na kama ni kipya, hivyo vipya vinatoka ghala gani? Miaka 89 baadaye, katika mji mmoja wa Uholanzi, mtaalamu wa falaki alikaa na swali hilohilo. Yeye alikuwa akiwaza nyota zenye mkia.

*

Mtawala wa Karagwe alikuwa na sababu ya kuitazama mbingu. Ufalme wenyewe ulipimwa kwa mbingu. Rumanyika alimsimulia Speke kwamba baba yao alipofariki, ndugu watatu waliwekewa ngoma ndogo ya kifalme, nyepesi kabisa mkononi, lakini iliyotiwa nguvu hata asiye mrithi wa haki asiweze kuinyanyua. Yeye aliinyanyua. Kisha likaja jaribio la pili. Mrithi huketishwa mahali fulani juu ya mlima, na ardhi huinuka chini yake, ikiendelea kurefuka mpaka kuzifikia mbingu. Akiwa ni yeye, humteremsha polepole kama mama anayemlaza mtoto. Asipokuwa yeye, huporomoka, naye akavunjikavunjika. Rumanyika alisema alipandishwa akarudishwa salama.

Kila mwezi ulipoandama, wakuu wa nchi walikuja ikulu kuapa upya utii wao. Speke alishuhudia sherehe hiyo na kuhesabu ngoma 35, za kila ukubwa, zikipigwa kwa pamoja. Fikiri sauti hiyo inavyoshuka bondeni hadi ziwani. Mwezi uliokufa umerudi, na nchi nayo inajifunga upya kwa Mukama. Katika mpango kama huo, kuuliza kama kilichorudi ni kilekile au kingine ni kuuliza jambo la dola.

Majirani nao walikuwa na kumbukumbu zao za anga. Huko Biharwe katika Ankole, kaskazini ya Karagwe, husimuliwa jinsi jeshi la Bunyoro chini ya Olimi lilivyokuwa likirejea na mateka, jua likazimika mchana, askari wakatawanyika na kuacha ng'ombe waliowateka. Wanahistoria wamelihusisha giza hilo na kupatwa kwa jua kwa tarehe 17 Aprili 1520, na kwa siku moja hiyo wakapata kigingi cha kufungia miaka ya wafalme wa eneo zima la maziwa, ukoo wa Ruhinda aliyeanzisha utawala wa Karagwe ukiwamo. Israel Katoke, mwana wa nchi hiyo aliyeiandikia kitabu mwaka 1975, alihesabu historia ya ufalme huo kuanzia karibu mwaka 1400. Kazi ya namna hiyo, ya kupanga vizazi ambavyo havikuacha karatasi, huishukuru mbingu kila inapotoa alama.

Na mwaka 1861 mbingu ilitoa alama mbili.

Ya kwanza iligunduliwa tarehe 5 Aprili na mtu aitwaye Thatcher akiwa New York. Ilikuwa nyota yenye mkia ya wastani, si ya kutisha mtu. Ya pili ilionwa tarehe 13 Mei na John Tebbutt, mkulima kijana wa New South Wales huko Australia, na hiyo ilikuwa jambo jingine kabisa. Wiki za mwanzo ilikaa katika anga ya kusini. Mwisho wa Juni ikageukia kaskazini, na tarehe 30 dunia yenyewe ikapita ndani ya mkia wake. Mkia ulitanda zaidi ya nusu ya anga, na walioiona waliandika kwamba usiku ule mwanga wake ulitosha kutupa vivuli chini. Karagwe iko latitudo ya chini ya nyuzi 2 kusini mwa ikweta, mahali ambapo anga ya kusini na ya kaskazini zote hufunguka. Miezi mitano baada ya usiku huo ndipo Rumanyika alipokuwa akiwauliza wageni wake kuhusu vinavyokwenda na kurudi.

Wageni walikuwa na majibu kuhusu jua na mwezi. Speke alibeba vyombo vya kupimia urefu wa jua na nyota. Kwa vyombo hivyo alijua amefika wapi. Ulaya ya wakati huo ilijua Uranusi, na kwa miaka 15 ilikuwa imeijua Neptuni, iliyoonwa Berlin mwaka 1846 na Johann Galle. Ilijua pia kwamba nyota ya Halley hurudi kila baada ya miaka 75 au 76. Lakini kama ungeuliza nyota ya Tebbutt ilikuwa wapi kabla ya Mei, au imeumbwa na nini, hakuna profesa aliyekuwa na jibu. Mukama na Chuo Kikuu cha Cambridge walikuwa sawa mbele ya jambo hilo.

*

Speke aliondoka Bweranyange tarehe 10 Januari 1862 kwenda kwa Mutesa wa Buganda. Grant alibaki mgonjwa wa kidonda cha mguu, akiuguzwa katika ikulu ya Rumanyika hadi katikati ya Aprili. Baada ya hapo walifuata maji: mto Kagera unaoizunguka Karagwe huingia Nyanza, ziwa ambalo wageni waliliita Victoria, Nyanza humwaga Nile pale Jinja, Nile hupita Kyoga na Albert, huzama katika vinamasi vya Sudani, kisha hufika Khartoum. Machi 1863 wale watu wawili na kina Bombay waliingia Khartoum.

Nawaomba wasomaji tubaki kidogo Khartoum, kwa kuwa maji ya Kagera yanatupeleka kwa mtu ambaye dunia ilimsahau kwa muda mrefu.

Mwaka 1926 mhandisi wa Ireland aitwaye Kenneth Edgeworth alistaafu jeshi la Uingereza na kwenda Sudani, kufanya kazi katika idara ya posta na simu. Alikaa miaka mitano. Alikuwa amezaliwa mwaka 1880 katika kaunti ya Westmeath, na mjomba wake, William Wilson, alikuwa na jengo lake binafsi la kutazamia nyota huko Daramona, hivyo kijana alikua akisikia habari za darubini nyumbani. Hakuwahi kuajiriwa kama mwanafalaki. Baada ya Sudani alirudi Ireland na kuandika kuhusu uchumi. Lakini mwaka 1943, vita vikiendelea, alichapisha makala fupi katika jarida la chama cha waangalizi wa nyota cha Uingereza, na mwaka 1949 akaandika nyingine ndefu zaidi. Hoja yake ilikuwa ya kihandisi, ya mtu aliyezoea kuuliza vifaa vimebaki wapi. Sayari zilitokana na sahani kubwa ya vumbi na gesi iliyolizunguka jua changa. Je, kuna sababu yoyote sahani hiyo iishe ghafla pale Neptuni ilipo? Hakuna. Huko nje vumbi lilikuwa jembamba mno kuweza kujikusanya na kuwa sayari kubwa, basi lazima liliganda kuwa vidonge vingi vidogo, na mara mojamoja kimoja hupotea njia kikaingia ndani na kuonekana kwetu kama nyota yenye mkia.

Ni fikra iliyonyooka. Mwaka 1951 Gerard Kuiper, Mholanzi aliyehamia Marekani, aliandika kwamba ukanda wa namna hiyo uliwahi kuwapo zamani lakini umeshatawanywa. Leo ukanda huo unaitwa kwa jina la Kuiper, aliyeamini haupo tena, na Edgeworth aliyesema upo hutajwa na wachache. Ninaliandika jina lake hapa kwa makusudi, tena kwa mapenzi, kwa ajili ya ile miaka aliyokaa ukingoni mwa maji yaliyotoka kwetu.

*

Jan Oort ndiye aliyelichukua swali la Rumanyika na kulifikisha mwisho. Alikuwa profesa wa Leiden. Wajerumani walipoikalia Uholanzi na kuwafukuza walimu Wayahudi, Oort alijiuzulu nafasi zake kwa kupinga, akaenda kuishi kijijini Hulshorst hadi vita vilipokwisha. Mwaka 1945 alirudi kuwa mkurugenzi wa kituo cha kutazamia nyota cha Leiden. Ni kituo chenye uhusiano na Afrika Mashariki pia: mwanzoni mwa miaka ya 1930, na tena baada ya vita, Leiden ilipeleka watu na vyombo Kenya, kwenye mstari wa ikweta, kupima mahali pa nyota kwa usahihi usiowezekana Ulaya.

Mwaka 1950 Oort aliitandaza mezani mizunguko ya nyota zenye mkia 19, zile ambazo njia zao zilikuwa zimepimwa vizuri kuliko zote. Nyota yenye mkia ikipita karibu na Mshtarii au Zohali, sayari hizo huivuta na kuipotosha. Kwa hiyo kwanza ilibidi hesabu irudishwe nyuma, ijulikane kila moja ilikuwa ikifuata njia gani kabla ya kusumbuliwa. Hapo ndipo jambo lilipojitokeza. Nyingi kati yao zilikuwa zimeanza safari karibu umbali mmoja, mbali kiasi cha kutisha: makumi ya elfu ya mara umbali wa dunia na jua. Hakuna hata moja iliyokuja kutoka nje kabisa, kutoka kwa nyota nyingine. Zote zilikuwa mali ya jua letu. Tena zilitoka pande zote, juu, chini, kushoto, kulia, wala hazikufuata bapa la sayari.

Fikiri alivyofikiri. Nyota yenye mkia inapolikaribia jua huchemka, hutoa gesi na vumbi. Ndiyo maana ina mkia. Kila ikizunguka hupungua. Baada ya mizunguko kadha wa kadha huisha, huvunjika, au hutupwa nje ya mfumo wa jua na Mshtarii. Mfumo huu una umri wa miaka bilioni 4.6. Kama nyota zenye mkia zingekuwa ni zilezile tangu mwanzo, zingekuwa zimekwisha zamani sana. Kumbe bado zinakuja. Basi ni mpya. Kila mwaka huja mpya. Na vipya lazima viwe na ghala.

Ghala hilo, akasema Oort, ni wingu. Linalizunguka jua kama ganda la yai linavyozunguka kiini, na ndani yake kuna madonge ya barafu yapatayo bilioni 190 kwa makisio yake. Huko ni baridi kiasi kwamba hakuna kinachobadilika. Barafu ya siku ya kwanza ingali ni barafu ya siku ya kwanza. Ila jua haliko peke yake. Nyota nyingine hupita, moja baada ya nyingine, katika mamilioni ya miaka, na kila ipitayo hulitikisa wingu kidogo. Madonge machache huachwa yakianguka kuelekea kwenye jua, kuanguka kwa mamilioni ya miaka, mpaka usiku mmoja mkulima wa New South Wales aone nukta yenye ukungu.

Mwaka huohuo wa 1950, Fred Whipple huko Marekani alieleza kitu chenyewe ni nini: donge la barafu lililochanganyika na vumbi na changarawe, kilomita chache kwa upana. Ernst Öpik wa Estonia alikuwa amelitaja ghala la mbali tangu 1932. Heshima ilienda kwa Oort kwa kuwa ndiye aliyekuwa na hesabu, na wingu likapewa jina lake. Yeye aliamini mwanzoni kwamba madonge yale yalianzia kati ya Mirihi na Mshtarii. Siku hizi wataalamu wanashika kwamba yalizaliwa jirani na sayari kubwa, nazo ndizo zilizoyarusha nje.

Kwa hiyo Rumanyika alikuwa amepata maneno sahihi kwa kitu kingine. Jua la leo ni lile la jana. Mwezi ni uleule na uso wake ni mmoja. Lakini kuna wageni wa mbinguni ambao kwa kweli huja wapya, mmoja hajawahi kuonwa na jicho la mtu, akitoka mahali ambapo wamewekwa akiba.

*

Umbali huu haushikiki kwa tarakimu. Wacha tuupime kwa miguu, kuanzia Bweranyange.

Weka jua pale penye mabaki ya ikulu, juu ya mlima. Piga hatua moja ya mita: hapo ni dunia yetu. Hatua 5, Mshtarii. Hatua 30, Neptuni, na hujavuka hata kiwanja cha mpira. Kati ya hatua 30 na 50 unakanyaga ukanda wa Edgeworth na Kuiper, pamoja na Pluto aliye wastani wa hatua 39. Chombo cha Voyager 1, kilichorushwa Septemba 1977 na ambacho hakuna kitu cha mkono wa binadamu kilichokwenda mbali zaidi, kiko hatua 170 hivi. Bado uko mlimani, pengine migombani kwa jirani. Wingu la Oort halijaanza. Teremka, pita ziwa, endelea kilomita mbili, tatu, tano: huko ndiko mwanzo wake wa ndani unakodhaniwa kuwa. Kisha elekea mashariki. Tembea Karagwe yote, ingia Buhaya, pita migomba na kahawa hadi uione Nyanza pale Bukoba. Ni karibu kilomita 100 kama ndege anavyoruka, na kote huko umekuwa ndani ya wingu. Ufukweni ndipo linapokwisha. Mamlaka ya jua yanakoma hapo.

Na nyota ya jirani iliyo karibu kuliko zote? Iko kilomita 268 kutoka mlimani, yaani ng'ambo ya ziwa, kwenye vilima vya Kampala. Kwa Mutesa.

Kwa mwendo wake, Voyager itahitaji miaka mia kadhaa kuufikia ukingo wa ndani wa wingu, na 30,000 hivi kulivuka.

*

Hakuna aliyewahi kuliona donge hata moja likiwa bado ndani ya Wingu la Oort. Ni dogo mno, giza mno, mbali mno. Ukanda wa karibu, huo umeonekana. Tarehe 30 Agosti 1992, baada ya miaka mitano ya kutafuta, Jane Luu, aliyezaliwa Saigon na kukimbilia Marekani akiwa mtoto wa vita, pamoja na David Jewitt, waliona juu ya mlima Mauna Kea huko Hawaii nukta iliyotembea polepole kuliko Neptuni. Tangu hapo wenzake waliopatikana wamepita elfu tatu. Mwaka 2003 ikaonekana Sedna, inayochukua miaka kama 11,400 kulizunguka jua mara moja, na ambayo hata ikija karibu kabisa haifiki chini ya mara 76 ya umbali wetu. Kimoja cha vitu hivyo kina jina la Kiafrika, Gǃkúnǁʼhòmdímà, msichana mrembo wa muhanga katika hadithi za Wajuǀʼhoansi wa Namibia. Na Agosti 2018, kabla chombo cha New Horizons hakijakipita kidonge cha Arrokoth chenye urefu wa kilomita 36, wanasayansi walikusanyika Senegal na darubini zao, wenyeji na wageni pamoja, kukitazama kikiizima nyota moja kwa nukta ya muda, ili wajue umbo lake.

Neno barafu lenyewe lina historia fupi kwa mtu wa Karagwe. Kwa wengi ni kile kijifuko cha juisi iliyogandishwa ambacho mtoto hununua akitoka shule. Kwa wazee ni mvua ya mawe. Inashuka alasiri, dakika kumi tu, na shamba la migomba lililokuwa kijani linabaki nyuzinyuzi. Ukikiokota kipande kimoja kabla hakijayeyuka, ukakipasua, utaona ndani yake duara juu ya duara, kila duara likiwa alama ya mahali kilipopita ndani ya wingu. Kumbe hata kipande hicho kina kumbukumbu. Madonge ya Oort nayo yamehifadhi vumbi la wakati ambapo dunia haijawa. Wataalamu wamepima maji ya nyota zenye mkia wakiyalinganisha na ya bahari zetu: nyota ya Hartley 2, mwaka 2011, ilionekana kufanana nayo, ile iliyotembelewa na chombo cha Rosetta mwaka 2014 ikatofautiana mno. Mjadala huo unaendelea, na maji ya Kagera yamo ndani yake kama maji mengine yote.

Wageni nao hawajakoma. Mwaka 1910, Karagwe ikiwa chini ya Wajerumani, Halley ilipita na mkia wake ukaigusa dunia mwezi Mei. Ilirudi mwaka 1986 ikiwa dhaifu. Septemba na Oktoba 2024 ilikuja nyingine iitwayo Tsuchinshan–ATLAS, mgeni wa Wingu la Oort, na watu wa Afrika Mashariki walioamka kabla ya alfajiri, kisha walioitazama magharibi baada ya magharibi, waliiona kwa macho matupu. Halley itakuwa jirani ya jua tena Julai 2061, mwaka wa 200 tangu Rumanyika aulize.

Na ile ndogo ya Thatcher, ambayo mwaka 1861 hakuna aliyeiogopa, haijaondoka kabisa. Mwaka 1867 Galle, yuleyule aliyeiona Neptuni, alionyesha kwa hesabu kwamba vimondo vinavyoonekana kila Aprili ni vumbi lake. Yenyewe huzunguka kwa miaka mia nne na kitu, na kila ikipita huacha vumbi njiani. Dunia hukatiza njia hiyo kila mwaka, kilele kikiwa usiku wa tarehe 22 kuamkia 23 Aprili. Huo ni mwezi wa masika. Bweranyange huwa imefunikwa, mvua inapiga mabati, vijito vinashuka kuelekea Kagera, na wenye nyumba wamelala. Juu ya mawingu, kilomita 100 hivi kutoka ardhini, chembe ndogo kuliko punje ya ulezi, iliyotoka katika ghala la mbali na kuachwa njiani na mgeni wa mwaka ule, inaingia hewani na kuwaka.